Kazi Yangu ni Kufuta

Ukimwambia mtu wa Kampala kwamba unafanya efekti za filamu, swali la kwanza ni la helikopta. Unaweza kulipua helikopta? Naweza. Helikopta yenyewe unaipakua mtandaoni, moto unaupakua pia, moshi unauongeza mpaka mteja aseme basi. Lakini tangu nianze kula kwa jasho la kazi hii, walionilipa nilipue kitu ni wa kuhesabu. Wengine wote wananilipa nifute. Mnara wa simu juu ya kilima. Waya za umeme. Bodaboda aliyekatiza nyuma ya mfalme wa karne ya 19. Kivuli cha maikrofoni. Nembo kwenye chupa ya maji ambayo kampuni yake haikulipia tangazo. Chunusi ya mwanamuziki, ambaye alinipigia simu mwenyewe usiku akaniomba nisimwambie hata meneja wake (na hapa sijamtaja, kwa hiyo ahadi ipo).

Helikopta najua imetoka wapi. Imetoka Wakaliga, mtaa wa mabanda hapa hapa Kampala, ambako Isaac Nabwana, mtu aliyekuwa akifyatua matofali, alijiundia kompyuta kwa vipuri na kutengeneza filamu za mapigano. Mwaka 2010 alitoa Who Killed Captain Alex?, filamu iliyogharimu chini ya dola 200, na tangazo lake likazunguka dunia nzima kupitia YouTube. Helikopta inapita juu ya jiji, majengo yanashika moto, VJ Emmie, msimuliaji wa filamu, anapiga kelele juu ya picha kama mtangazaji wa mpira. Wazungu walicheka, kisha wakaanza kupanda ndege kuja kuangalia. Mwaka 2019 filamu nyingine ya Nabwana ilionyeshwa kwenye tamasha la filamu la Toronto.

Wenzangu wengine wanaona aibu wakitajiwa Wakaliga. Wanasema inatuharibia jina, kwamba mteja wa nje akisikia efekti za Uganda anafikiria katuni za damu. Mimi sikubaliani nao. Mtu aliyelipua jiji akiwa chumbani kwake, umeme ukija na kwenda, alielewa jambo ambalo baadhi yetu wenye programu za bei mbaya hatujalielewa: mtazamaji wake ni nani na anataka kuona nini. Kinachoninyima raha katika habari hiyo ni kitu kingine. Diski ilipojaa, Nabwana aliifuta filamu yenyewe ili apate nafasi ya kutengeneza inayofuata. Filamu tunayoiona leo imetokana na nakala ya DVD. Kila ninapopewa onyo kwamba diski imejaa, namkumbuka.

Na kuna bunduki. Za Wakaliga anazitengeneza Dauda Bisaso kwa vyuma chakavu, na moto wa mdomo wa bunduki unawekwa baadaye kwenye kompyuta. Kwa miaka mingi watu wa filamu kubwa waliliona hilo kuwa jambo la kimaskini, maana wao walitumia bunduki halisi zenye risasi baridi. Halafu Oktoba 2021, kwenye seti huko New Mexico, Marekani, mpigapicha Halyna Hutchins aliuawa na risasi ya kweli iliyotoka katika bunduki ya maigizo. Baada ya hapo baadhi ya watayarishaji wa huko walitangaza kwamba bunduki za kweli basi, moto utawekwa na watu wa efekti. Yaani walifika Wakaliga kwa njia ndefu.

Moto huo nao una ufundi wake. Filamu ina fremu 24 kwa sekunde, yaani picha moja moja 24. Mwako wa risasi unakaa fremu moja, mbili ukizidi. Chipukizi anauacha sita, kwa sababu ameutafuta kwa shida na anataka uonekane. Halafu anasahau kwamba mwako ni taa: kama ni usiku, lazima fremu ile ile shavu la mpigaji ling'ae, na ukuta ulio karibu naye, na ukingo wa kofia. Moto usiomulika chochote unaonekana kama stika.

Nimezaliwa Malaba, mpakani, ambako Kiswahili si lugha ya jeshi wala ya shule bali ya foleni ya malori. Baba alikuwa wakala wa forodha. Vibanda vya video vilikuwa vinategemea madereva na matanboi, wasaidizi wao wa lori, waliokwama siku kadhaa wakisubiri karatasi, na ndani yake ndiko nilikoziona filamu zote nilizoziona utotoni, VJ akizitafsiri kwa Kiganda na kuongeza matusi yake mwenyewe. Ile filamu ya dinosaria ya 1993 ilizua ugomvi wa kweli. Kuna tanboi aliapa kwa jina la mama yake kwamba wale mijusi wapo, wanafugwa kisiwani. Miaka mingi baadaye nilisoma kwamba dinosaria wa kompyuta katika filamu nzima ya Jurassic Park wanachukua kama dakika sita tu, na waliobaki walikuwa mashine na vikaragosi vikubwa vya fundi Stan Winston, vilivyosimama mbele ya kamera kweli. Kwa hiyo tanboi yule hakuwa mbali sana. Kitu kilikuwepo.

Baba alinipeleka chuo nikasome kompyuta kwa sababu shughuli za forodha zilikuwa zimehamia humo, naye hakutaka kazi iuponyoke ukoo. Nilisoma. Usiku nilikuwa kwenye Blender, programu ya kuunda picha na katuni za 3D, kwa sababu ilikuwa ya bure na mfukoni sikuwa na kitu. Programu hiyo karibu ife: mwaka 2002 kampuni yake ilikuwa imefungwa, na mwanzilishi wake, Ton Roosendaal wa Uholanzi, akachangisha euro 100,000 kutoka kwa watumiaji ili ainunue na kuiachia dunia. Fedha zilipatikana kwa wiki saba. Machi 2025 filamu ya katuni kutoka Latvia, Flow, ilishinda Oscar, na ilitengenezwa kwa Blender. Ninaposikia kijana wa Kampala akisema anasubiri mpaka anunue programu ya wakubwa ndipo aanze, namwambia anatafuta sababu ya kulala.

Baba hadi leo akiulizwa nafanya kazi gani anasema, "Yuko kwenye kompyuta." Inatosha.

Sasa nieleze kufuta, kwa sababu ndiko pesa iliko na ndiko ugomvi uliko.

Dairekta mmoja, mtu mzuri na rafiki yangu, alikwenda Jinja kupiga filamu inayotokea mwaka 1972. Ni ule mwaka ambao, tarehe 4 Agosti, Idi Amin alitangaza kwamba Waasia waondoke, wakapewa siku 90. Jinja ni chaguo sahihi. Barabara kuu bado ina maduka yale ya Wahindi yenye jina la mwenye nyumba na mwaka wa ujenzi vimeumbwa kwa plasta juu ya mlango. Shoti yenyewe ilikuwa nzuri kwenye karatasi: mwenye duka anafunga mlango kwa mara ya mwisho, anabeba sanduku, anatembea kando ya Peugeot 404 mpaka anafungua buti. Kamera iko begani, inamfuata, hakuna kukata. Walipiga alfajiri ya Jumapili wakidhani mji umelala. Mimi sikuwepo. Niliitwa baada ya mwezi, nikapewa diski.

Nilikaa na shoti ile nikiiendesha mbele na nyuma. Juu kulikuwa na madishi na tangi jeusi la plastiki. Hayo ni mepesi. Kati kulikuwa na ukuta mzima uliopakwa manjano na kampuni ya simu, wa kutumia na kupokea pesa, na mwigizaji anapita mbele yake. Na mbele kabisa, kati ya kamera na mwigizaji, boda mwenye kizibao cha kuakisi mwanga anapita akitazama kamera moja kwa moja, kwa utulivu wote, kama mtu anayejua jina lake litaandikwa mwishoni.

Kuufuta ukuta ule kunakwenda hivi. Kwanza unaitreki kamera: programu inakamata alama ndogo ndogo za kwenye picha, kona ya dirisha, ufa, jiwe, na kutokana na jinsi zinavyosogea inakokotoa kamera ilikuwa wapi katika kila fremu. Kamera ya begani inatikisika, kwa hiyo alama zinapotea na unazishika tena kwa mkono. Halafu unachukua fremu moja, unapaka ukuta upya, plasta iliyofifia, doa la mvua, na unaurusha ukuta huo mpya juu ya ule wa zamani ukiufuata mtikisiko wa kamera. Sasa ukuta mpya umemfunika mwigizaji. Inabidi umrudishe mbele, na kumrudisha ni kumchonga kutoka kwenye picha, fremu kwa fremu. Tunaiita roto. Mtengenezaji wa katuni Max Fleischer alipewa hataza ya mashine yake ya kazi hiyo Marekani mwaka 1917, na pamoja na kompyuta zote hizi kazi bado ni ile ile, kuchora ukingo wa mtu anayesogea. Huchongi mtu mzima kwa mstari mmoja. Kichwa peke yake, mkono wa juu, mkono wa chini, koti, sanduku, kila kimoja na umbo lake, maana kila kimoja kina mwendo wake. Na mzee yule alikuwa na mvi, na upepo wa ziwa ulikuwa unazichezea.

Nilipomaliza nikagundua mambo mawili ambayo mtu asiye wa kazi hii hayaoni, ila akitazama anahisi kuna kitu hakijakaa. La kwanza, shati. Mzee alikuwa amevaa shati jeupe, na alipopita karibu na ukuta wa manjano, jua la asubuhi liligonga ukuta likarudi kwenye shati. Ukuta umeondoka, umanjano umebaki mgongoni kwake. Ikabidi niufuatilie na kuupoza, kidogo kidogo, bila kugusa ngozi ya shingo. La pili, bampa ya Peugeot. Ni kromu, imepinda, na inang'aa kama kioo. Ndani yake walikuwemo wote: ukuta wa manjano ukiwa umejikunja, kijana wa sauti na fimbo yake, na raba nyeupe za mpigapicha zikitembea kinyumenyume.

Na yule boda? Pale anapopita, uso wa mzee haupo. Haukufichwa mahali ukafukuliwa, kamera haikuuona. Niliuazima pale shoti ile ile ilipopigwa mara nyingine, ambapo mwanga ulikuwa tayari umebadilika, nikaupaka rangi ulingane, nikarudisha chembechembe za kamera juu yake. Wanaotazama hawaoni. Mimi naona kila mara.

Kinachonikera si ugumu. Ugumu ndio unaoniweka mjini. Kinachonikera ni kwamba karibu yote hayo yangezuiwa kwa mita kadhaa za kitambaa cha kijivu na mazungumzo na mwenyekiti wa steji ya boda. Kila steji ina mwenyekiti. Unamsalimia, unamweleza, unawanunulia vijana wake soda na chapati, na barabara inakuwa yako mpaka mmalize. Halafu unamwomba mpigapicha, kabla hajabeba vitu vyake, apige sekunde chache za mahali pale pale pasipo mtu. Hiyo tunaiita klini pleti, na ni zawadi kubwa kuliko zote unayoweza kumpa mtu wa efekti. Lakini kwenye seti zetu kuna sentensi moja inayotamkwa kila kitu kikienda kombo: "Tutafuta baadaye." Anayeisema hatakuwepo hiyo baadaye.

Bei nayo. Mazoea ya hapa ni kukubaliana bei ya kazi nzima mkiwa mmekaa mkinywa chai, kabla ya kamera kuwashwa. Halafu mhariri anairefusha shoti ya sekunde nne inakuwa kumi na moja, dairekta anabadilisha mawazo kuhusu anga, prodyusa anaona sasa mvua ingependeza. Bei iko pale pale. Niliwahi kudhani ni ushamba wetu, mpaka niliposoma habari za studio ya efekti ya Marekani, Rhythm & Hues. Hao ndio walioongoza kazi ya chui milia wa kompyuta wa filamu ya Life of Pi. Februari 2013 walitangaza kufilisika, na haikufika wiki mbili wakashinda Oscar kwa kazi hiyo hiyo. Mwakilishi wao alipoanza kusema jukwaani kwamba kampuni iko taabani, muziki ulipandishwa na maikrofoni ikazimwa, huku nje mafundi wenzake wakiandamana. Sababu zilikuwa nyingi, lakini mzizi wake ningeutambua hata gizani: bei imefungwa, mabadiliko hayana mwisho, na anayebadilisha halipii. Februari 2025 likaanguka kundi la Technicolor lenye studio ya efekti ya MPC ndani yake, na maelfu ya watu wakakosa kazi kutoka London hadi Bengaluru. Mimi na kompyuta yangu ya hapa Ntinda, Kampala, tuna ugonjwa mmoja na watu hao. Wao walikuwa na wanasheria.

Umeme na intaneti nisizungumze sana, kila blogu ya Uganda inalia hapo. Nitasema tu mambo ya kazi. Kurenda ni kuiacha kompyuta itoe picha za mwisho. Usirende moja kwa moja kuwa video. Renda fremu moja moja, kila moja faili lake. Umeme ukikatika kwenye fremu ya 131, ukirudi unaanzia 131. Ukirenda video, faili linakufa na unaanza moja. Pia, jua uzito wa unachouza. Fremu ya 2K (upana wa nukta 2,048) ya EXR, aina ya faili la picha tunalotumia, isiyobanwa ni karibu megabaiti 13. Sekunde kumi ni zaidi ya gigabaiti tatu. Kuanzia Julai 2018 tulikuwa tunalipa shilingi 200 kwa siku kuingia mitandao ya kijamii. Julai 2021 kodi hiyo ikaondoka, nafasi yake ikachukuliwa na asilimia 12 juu ya bando. Kwa anayetuma picha za mjukuu si kitu. Kwa anayetuma gigabaiti kila wiki, hiyo ni kodi ya nyumba ya pili.

Januari 2021, wakati wa uchaguzi, intaneti ilizimwa nchi nzima. Mimi nilikuwa na kazi ya mteja wa Nairobi, na tarehe yake haikujua habari za uchaguzi wetu. Nilipanda matatu na diski kwenye begi la nguo nikaenda nyumbani. Malaba mawimbi ya Kenya hayana pasipoti. Mjomba ana laini ya huko kwa ajili ya biashara zake, akaiweka kwenye simu, simu tukaiweka dirishani upande wa mashariki, na faili zikaanza kupanda, moja baada ya nyingine. Aliniuliza ni nini hiki kinachokula bando lake hivi. Nikamwambia ni mtu anayetembea barabarani na waya za umeme nyuma yake zimeondolewa. Akatazama skrini kwa muda mrefu. "Kwani waya zilikuwa zinamsumbua nani?"

Siwezi kumaliza bila kusema juu ya akili mnemba, kwa kuwa ndilo swali linalokuja baada ya helikopta siku hizi. Roto imekuwa ngazi ya chini ya kazi hii duniani kote. Studio kubwa ziliipeleka India, na huko maelfu ya vijana waliingilia hapo: unachonga kingo, unajua mwendo wa mwili, unapanda kuwa mtu wa kuunganisha picha, ukibahatika unasimamia. Sasa programu inachonga mtu wa kawaida katika mwanga wa kawaida vizuri kabisa. Mvi kwenye upepo bado inababaika nazo, ila sitaweka nyumba rehani kwa kuziamini mvi. Kwa mimi niliyekwisha panda, ni nafuu, kazi ya siku naimaliza asubuhi. Kwa anayeanza Kampala leo sioni ngazi iko wapi. Mlango mwingine ninaouona wazi ni wa katuni: mwaka 2023 Raymond Malinga na studio yake ya Creatures, ya hapa Kampala, walikuwa na filamu fupi, Herderboy, ndani ya Kizazi Moto, mkusanyiko wa katuni fupi za Kiafrika wa Disney. Vijana wanaoniandikia nawaelekeza huko kwanza. Wanaong'ang'ania efekti nawaambia wakajifunze kamera, lenzi, na kusimama juani kwenye seti, kwa sababu kilichobaki chenye thamani ni kujua nini kisipigwe.

Dairekta wa Jinja amenipigia juzi. Ana filamu mpya, ya miaka ya 1980, gari la kijeshi, daraja, mvua ya usiku. Ameniuliza bei ya kufuta. Nikamwambia sina tena bei ya kufuta. Nina bei ya kuwepo, kuanzia siku ya kukagua lokesheni, na mabadiliko ni mawili, la tatu linalipiwa. Kimya kidogo. "Fundi, umekuwa Mzungu," akasema, tukacheka wote wawili. Kisha akasema ataongea na prodyusa.